Mgonjwa Alipe Lini? Gharama za Tiba Chini ya Afya kwa Wote

Serikali inapotangaza afya kwa wote, mjadala wa wananchi huanzia kwenye makato na mara nyingi huishia hapohapo. Kenya ilipoanza kutumia Mamlaka ya Afya ya Jamii, SHA, tarehe 1 Oktoba 2024, gumzo lilikuwa asilimia 2.75 ya mapato. Tanzania, kila mtumishi wa umma anajua kwamba kiasi cha asilimia 6 ya mshahara wake huingia Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya, nusu ikitoka kwake na nusu kwa mwajiri. Rwanda, kila kaya inajua mchango wake wa mwaka. Viwango hivi vina uzito, na ni haki ya mchangiaji kuhoji vinavyotumika. Hata hivyo, havitoshi kutueleza kama mfumo kweli ni wa wote. Kipimo ninachokitetea hapa ni kingine: siku mtu anapougua, anatakiwa kutoa fedha ngapi mfukoni ndipo ahudumiwe, na asipokuwa nazo kunatokea nini? Mfumo unaokusanya fedha wakati watu wana afya na kumwacha mgonjwa apite ni wa wote hata kama makato yake ni makubwa. Unaokusanya kidogo wakati wa afya na kumngoja mgonjwa dirishani si wa wote, hata ukiitwa hivyo katika sheria.

Mkazi wa Afrika Mashariki hugharimia tiba kwa njia nne. Ya kwanza ni kodi, ambayo huijenga zahanati na kumlipa muuguzi. Ya pili ni mchango wa bima. Ya tatu ni ada ya kituoni: kumwona daktari, kipimo, kitanda. Ya nne haina risiti ya serikali, nayo ndiyo huumiza zaidi kwa sababu haihesabiki katika bajeti yoyote. Mjamzito anayejiandaa kujifungua katika kituo cha umma, ambako sera inasema halipi kitu, mara nyingi hupewa orodha ya vitu vya kwenda navyo: glavu, pamba, mpira wa kutandika kitandani, kibanio cha kitovu, nyembe, kanga safi. Mgonjwa wa shinikizo la damu humwona daktari bila malipo, kisha huambiwa dawa zimekwisha, akanunue duka la nje. Ongeza nauli, chakula cha anayeuguza, na siku za kazi zilizopotea. Zikishindikana hizo, huitishwa mchango wa ukoo, au harambee kama wasemavyo Kenya, na kundi la simu lililoundwa kwa ajili ya harusi hugeuka kundi la bili ya hospitali. Malipo ya njia hii ya nne ndiyo ushahidi wa wazi kwamba njia tatu za kwanza hazikupangwa vizuri.

Hali hii ina historia. Baada ya uhuru, Kenya iliondoa ada katika vituo vya serikali mwaka 1965, na Tanzania baada ya Azimio la Arusha la 1967 ikaifanya tiba ya umma kuwa huduma inayogharimiwa na kodi. Miaka ya 1980 ilileta bei mbovu za mazao, madeni na masharti ya wakopeshaji. Mwaka 1987 Benki ya Dunia ilichapisha waraka uliozishauri nchi maskini ziwatoze watumiaji wa huduma za afya. Kenya ikaanza kutoza Desemba 1989. Tanzania ikafuata mwaka 1993, ikianzia hospitali kubwa na kushuka ngazi kwa ngazi. Hoja zilikuwa mbili: ada ingeongeza mapato ya vituo, na ingewazuia watu kwenda hospitali bila sababu. Hoja ya pili ilitimia kupita kiasi. Ada iliwazuia watu kweli, ila haikujua kuchagua ni yupi wa kuzuiwa.

Ushahidi wa jambo hili ulitoka hapahapa kwetu. Katika kliniki kuu ya magonjwa ya zinaa ya Nairobi, mahudhurio ya wanaume katika miezi tisa ya kutozwa ada yalishuka hadi asilimia 40 ya yalivyokuwa, na ya wanawake hadi asilimia 65. Ilikuwa miaka ambayo virusi vya UKIMWI vilikuwa vikienea kwa kasi, na kidonda cha sehemu za siri kisichotibiwa humrahisishia mtu kuambukizwa na kuambukiza. Aliyerudi nyumbani kwa kukosa ada alirudi na ugonjwa ambao ungemgharimu yeye, mwenzi wake na hatimaye serikali fedha nyingi kuliko alizodaiwa. Baadaye, huko Busia, mpango wa kuwapa wanafunzi dawa za minyoo ulianza kuwadai wazazi sehemu ndogo tu ya gharama. Watoto waliopata dawa wakapungua kutoka asilimia 75 hadi 19. Katika kliniki za wajawazito magharibi mwa Kenya, chandarua kilipouzwa shilingi 40 badala ya kutolewa bila malipo, idadi ya waliokichukua ilianguka kwa pointi 60 za asilimia. Jambo la kuzingatia zaidi ni kwamba waliopewa chandarua bila malipo walikitumia sawasawa na walionunua. Imani kwamba mtu hathamini asichokilipia ilipimwa kwa vyandarua vyenyewe, ikakosa ushahidi.

Hapa wapo wanaojibu kwamba bila ada yoyote watu watajaza foleni kwa mafua na maumivu ya kichwa. Hoja hii haistahili kudharauliwa, kwani daktari wa wilaya anayeona wagonjwa mchana kutwa anajua uzito wa foleni. Lakini inadhani kwamba mgonjwa anaweza kujipima mwenyewe kabla ya kupimwa. Marekani, kati ya 1974 na 1982, shirika la utafiti la RAND lilizigawa familia kwa bahati nasibu katika mipango ya bima, nyingine zikilipiwa kila kitu na nyingine zikichangia sehemu ya gharama. Waliochangia walipunguza kwenda hospitali, na walipunguza huduma za lazima karibu sawa na zisizo za lazima. Wengi wao hawakudhurika kiafya, lakini maskini wenye shinikizo la damu walidhurika. Mama mwenye mtoto anayechemka homa usiku hana namna ya kujua kama ni malaria au mafua. Kazi ya kujua ni ya kituo. Ukimtoza ili apime mwenyewe, umemkabidhi kazi ya mganga asiyoisomea, na kosa lake litalipwa na mtoto. Foleni ina tiba nyingine: zahanati zilizo karibu, wahudumu wa afya wa jamii, na utaratibu wa rufaa unaomzuia mwenye mafua kwenda hospitali ya mkoa.

Jibu la pili la watetezi wa ada ni misamaha. Wenye nacho walipe, wasionacho wasamehewe. Tanzania ina sera ya muda mrefu inayowasamehe watoto walio chini ya miaka mitano, wajawazito, na wazee wa miaka 60 na zaidi wasiojiweza. Kosa lipo katika muundo wenyewe. Anayeamua nani asamehewe ni mfanyakazi wa kituo kinachoendeshwa kwa ada hiyohiyo. Kila msamaha anaoutoa unapunguza fedha za kununulia dawa na sabuni za kituo chake. Mwombaji naye hutakiwa kuthibitisha umaskini wake kwa barua ya mtendaji wa kijiji, akiwa mgonjwa, mbele ya watu. Wengi huona heri kukopa. Sheria inayomhitaji aliye dhaifu apambane ili apate alichopewa humfikia zaidi aliye na nguvu ya kupambana.

Hata nchi tajiri haijaepuka mtego huu. Huduma ya afya ya taifa ya Uingereza ilianza tarehe 5 Julai 1948 bila ada. Mwaka 1951 waziri aliyeiasisi, Aneurin Bevan, alijiuzulu serikalini kupinga uamuzi wa kutoza miwani na meno ya bandia. Ada ya dawa ilikuja 1952, ikafutwa 1965, ikarudishwa 1968. Leo mkazi wa England hulazwa na kupasuliwa bila kudaiwa senti, lakini tangu Mei 2024 kila dawa aliyoandikiwa hutozwa pauni 9.90. Ili ada hiyo isiwaumize wanyonge, wamesamehewa watoto, wazee, wajawazito, wenye kipato duni na wenye maradhi kadhaa sugu, hadi karibu dawa tisa katika kila kumi zinatolewa bila malipo. Kinachopatikana hakifiki asilimia 1 ya bajeti ya huduma hiyo, na bado anayefanya kazi ya ujira mdogo akiwa na pumu hulipa. Wales waliifuta ada hiyo mwaka 2007, Ireland Kaskazini 2010, Scotland 2011. Fundisho ni kwamba ada ikiwa na misamaha ya kutosha kuwa ya haki, mapato yake huwa haba; ikiwa na mapato ya maana, haki huwa imekwisha kuvunjwa.

Hoja nzito kuliko zote ni ya wasimamizi wa vituo. Ada, hata iwe ndogo, ni fedha iliyo mkononi leo, wakati fedha za hazina zinaweza kuchelewa miezi. Ukiifuta bila kuweka kitu mahali pake, unakifanya kituo kishindwe kununua hata mafuta ya jenereta. Kenya ilijifunza hivyo mwaka 2004 ilipoamuru zahanati zitoze shilingi 10 na vituo vya afya shilingi 20 tu. Vituo vingi viliendelea kutoza zaidi kwa sababu havikuwa na njia nyingine ya kujiendesha. Uganda ndiyo mfano ulio wazi zaidi. Machi 2001 ilifuta ada katika vituo vya serikali, na maskini waliokuwa wakijitibu nyumbani wakamiminika hospitalini. Hayo yalikuwa mafanikio makubwa. Lakini dawa ziliisha haraka kuliko zilivyoletwa, na watafiti waliofuatilia waligundua kwamba kaya maskini zilizoelemewa na gharama za tiba hazikupungua. Fedha iliyokuwa ikitolewa dirishani ilihamia duka la dawa la ng'ambo ya barabara. Hadi miaka ya karibuni, makadirio ya Shirika la Afya Duniani yanaonyesha kwamba zaidi ya theluthi ya matumizi ya afya Uganda hutoka mifukoni mwa watu moja kwa moja.

Nakubali hoja hiyo yote, na ndiyo maana sisemi tu ada zifutwe. Nasema fedha zihame, na zihame zikiwa kamili. Njia zipo. Tangu mwaka wa fedha 2017/18 Tanzania imekuwa ikipeleka sehemu ya fedha za afya moja kwa moja katika akaunti za vituo, badala ya kupitia ofisi za halmashauri, na kamati za vituo hushiriki kupanga matumizi. Utaratibu wa namna hii ukipewa fedha za kutosha kwa wakati, unakipa kituo kile ambacho ada ilikuwa ikikipa, yaani uwezo wa kununua dawa leo, bila kumkamua aliyelala kwenye benchi. Uganda haikukosea kufuta ada. Ilikosea kudhani kuwa kufuta kunatosha.

Sasa turudi kwenye michango ya bima, ambayo serikali zetu zimeiona kuwa njia ya kutoka. Katika mambo mengi ni bora kuliko ada, kwani hukusanywa kabla ya ugonjwa na mwenye afya humbeba mgonjwa. Kuhusu waajiriwa, SHA imeleta haki fulani inayostahili kutajwa. Chini ya mfuko wa zamani wa bima wa Kenya, NHIF, mwenye mshahara wa shilingi 20,000 alikatwa 750, na mwenye 500,000 alikatwa 1,700. Kwa asilimia 2.75, wa kwanza sasa hukatwa 550 na wa pili 13,750. Wa juu wamelalamika, lakini kubeba kulingana na uwezo ndiyo maana ya bima ya jamii. Pia sheria mpya za mwaka 2023 ziliunda mfuko wa afya ya msingi unaogharimiwa na kodi, ili huduma za zahanati na vituo vya afya zisitegemee kama mtu amechangia. Huo ni msingi mzuri, mradi hazina itoe fedha zake.

Tatizo linaanza hospitalini, na linaanza kwa watu wasio na mshahara, ambao ndio wengi. Mwajiriwa mwenye kipato cha 20,000 hukatwa shilingi 550 kila mwezi bila kuhisi sana. Mwendesha bodaboda wa Kisumu mwenye kipato hichohicho hukadiriwa kwa maswali kuhusu nyumba, choo, kuni au gesi anayopikia, kisha hutakiwa alipe mwaka mzima kwa mkupuo, shilingi 6,600, ndipo kadi yake ifanye kazi. Kipato ni kimoja, mzigo ni tofauti kabisa. Wengi hufanya ambalo mtu yeyote wa kipato cha siku kwa siku angefanya: husubiri hadi auguliwe. Siku hiyo anafika hospitali na mgonjwa, anaambiwa kwanza alipe mwaka, na mchango wa bima unageuka kuwa ada ya mlangoni, tena kubwa kuliko ile ya zamani. Serikali yenyewe imelitambua hilo, ikaleta mpango wa Lipa SHA Pole Pole wa kumkopesha mtu mchango wake. Mkopo unasaidia, lakini unaacha kanuni mahali pake: asiyelipa hapiti.

Mtu anaweza kunionyesha Rwanda, na anayo haki. Bima ya jamii ya huko, maarufu kama Mutuelle de Santé, ilianza kwa majaribio mwaka 1999 na kuenea nchi nzima katikati ya muongo uliofuata, ikawafikia watu kwa kiwango ambacho majirani hawajakikaribia, wakiwemo wakulima wadogo wasio na mshahara. Lakini tuangalie ilivyofanikiwa. Tangu 2011 michango iligawanywa kwa matabaka ya Ubudehe, yaani mpango wa kuzipanga kaya kwa hali zao za maisha: faranga 7,000 kwa mtu wa tabaka la juu, 3,000 kwa wa kati, na 2,000 kwa maskini kabisa, ambazo zililipwa na serikali na wafadhili. Utawala wa mitaa ulisukuma uandikishaji hadi ngazi ya kijiji kwa nguvu ambayo si kila nchi inayo au ingependa kuwa nayo. Na ndani ya kituo mwanachama hulipa faranga 200, na hospitalini asilimia 10 ya bili. Kwa maneno mengine, michango iliwafikia wote pale tu fedha za umma zilipomlipia asiyeweza. Rwanda haithibitishi kwamba maskini wanaweza kuchangia tiba yao. Inathibitisha kwamba wakilipiwa, wanatibiwa.

Thailand iliufikia ukweli huo kwa njia iliyonyooka zaidi. Kwa miaka mingi ilikuwa imejaribu kuwauzia wakulima na wachuuzi kadi ya afya ya hiari, na walionunua kwa wingi walikuwa wale waliokwisha kuugua. Mwaka 2001 iliacha kuwasaka. Wote wasio katika bima ya waajiriwa au ya watumishi wa serikali waliingizwa katika mpango unaogharimiwa na kodi, mgonjwa akitoa baht 30 kwa kila ziara, na hata hizo zikafutwa mwaka 2006. Katika miongo miwili, sehemu ya gharama za afya inayotoka mifukoni ilishuka kutoka takriban theluthi moja hadi karibu sehemu moja ya kumi. Thailand ya 2001 ilikuwa na kipato kikubwa kuliko chetu cha leo, na sidai tunaweza kuiga kila kitu. Ninachodai ni kwamba ilitambua mapema kuwa gharama ya kumfuata kila mchuuzi kwa ajili ya mchango, kumkadiria, kumkumbusha na kumfungia akichelewa, haina tija.

Hapo huja pingamizi la mwisho: mama lishe na bodaboda hawalipi kodi, kwa nini watibiwe kwa kodi za wengine? Wanalipa. Kila wanaponunua sabuni au muda wa maongezi wameshachangia kodi ya ongezeko la thamani, asilimia 16 Kenya na 18 Tanzania bara, na ushuru wa mafuta umo ndani ya kila lita ya bodaboda. Hawaonekani katika orodha ya makato kwa sababu hawana hati ya mshahara, lakini hazina inawajua kila siku. Kuhusu uhaba wa fedha, viongozi wa Afrika waliahidi Abuja mwaka 2001 kutenga asilimia 15 ya bajeti kwa afya, na bajeti za nchi zetu kwa kawaida zimebaki mbali chini ya hapo. Hata zikifika, hazitatosha kila kitu. Itabidi kuchagua, na uchaguzi wa haki ni kuanza chini: zahanati, uzazi, watoto, dawa za malaria, kisukari na shinikizo la damu zipatikane bila dirisha la malipo. Michango ya wenye mishahara iongezee huduma za hospitali, nao wasio na uwezo wa kuchangia walipiwe mapema, kabla hawajaugua.

Gharama ya kutofanya hivyo imewahi kufika mahakamani. Mwaka 2015 Mahakama Kuu ya Kenya iliamua kwamba wanawake wawili waliozuiliwa katika hospitali ya wazazi ya Pumwani baada ya kujifungua, kwa sababu hawakuwa na fedha za kulipa bili, walivunjiwa haki zao za kikatiba. Katiba ya 2010, ibara ya 43, imemhakikishia kila mtu haki ya kiwango cha juu cha afya kinachowezekana. Hospitali inayomfungia mzazi ili ilipwe haifanyi hivyo kwa ukatili wa muuguzi mmoja. Inafanya hivyo kwa sababu imejengewa bajeti inayomtegemea mgonjwa.

Kwa hiyo, safari nyingine tukiletewa sheria ya afya kwa wote, tusiishie kuuliza tutakatwa asilimia ngapi. Tuulize kama asiyechangia mwezi huu atatibiwa mwezi huu. Tuulize dawa zilizoandikwa zinapatikana ndani ya kituo au nje ya geti. Tudai kila mwaka serikali itangaze sehemu ya gharama za afya iliyotoka mifukoni mwa wagonjwa, kama inavyotangaza mfumuko wa bei. Shirika la Afya Duniani lilieleza mwaka 2010 kwamba sehemu hiyo ikishuka chini ya asilimia 15 hadi 20, familia zinazofilisishwa na maradhi huwa chache sana. Hicho ndicho kiwango cha kuwapimia mawaziri wetu wa afya na wa fedha, wote wawili, kwa sababu mmoja hutibu na mwingine huamua nani alipe.